Isale Halihojiwi

"Kama mtu hataki kukaa, utamfunga kamba?" aliuliza Rodrick. Kijiko chake kilibaki hewani kikidondosha mchuzi wa dagaa juu ya kitambaa cha meza kilichofuliwa asubuhi ile ile.

Hakuna aliyemjibu upesi, maana midomo ilikuwa kazini. Ugali ulikuwa wa unga wa nyumbani, uliosafiri ndani ya begi la mtu kutoka Dar es Salaam mpaka Guangzhou, na unga wa namna hiyo hauachwi upoe kwa sababu ya siasa za wazungu.

Fleti yenyewe ilikuwa ghorofa ya tano, nyuma ya barabara ya Zhanxi, pale zinapouzwa nguo na viatu vya jumla. Ngazi zake ziliwakondesha watu kabla hawajafika mezani, ndiyo maana walikula sana. Mpishi, aliyewauzia wafanyabiashara chakula pale pale nyumbani, alikuwa Melania, mwanamke wa Marangu, mfupi, mwenye mikono isiyojua kutulia. Mumewe Rodrick ndiye aliyewatembeza wafanyabiashara madukani na kuwasemea kwa Wachina. Mchana huo wa Agosti, mwaka wa tisini na nane, alikuwepo mzee Kasmir wa Kibosho, mnunuzi wa viatu. Mwatima wa Unguja, ambaye soko la vitambaa la Zhongda lilimjua kwa sauti kabla ya sura. Na Agustino wa Lubumbashi, ambaye hakuwahi kuonekana na mzigo wa maana lakini mlo haukumpita. Kichwani mwa meza, kwenye kiti pekee chenye mto, alikaa mgeni wa heshima: Odeti, mama wa kizungu kutoka Montreal, mwenye duka la nguo za watoto na nywele nyekundu kama zimebabuliwa na moto.

Odeti ndiye aliyeileta Kwebeki mezani. Alieleza kwa Kifaransa, Rodrick na Agustino wakatafsiri kwa kupokezana, kwamba kwao ni jimbo la Kanada, jimbo pana kuliko nchi nyingi, na watu wake husema Kifaransa wakati karibu nchi yote iliyobaki inasema Kiingereza. Wengi wamechoka kuwa wapangaji ndani ya nyumba waliyoijenga wenyewe. Miaka mitatu nyuma walipiga kura ya kujitenga wakashindwa kwa tofauti ndogo mno. Watu wa tofauti hiyo, alisema Odeti, ungeweza kuwakalisha wote ndani ya uwanja mmoja wa mpira. Sasa serikali ya Kanada imekwenda mahakama ya juu kabisa kuuliza: jimbo linaweza kujiondokea lenyewe, bila ya kukubaliana na wenzake? Majaji walikuwa karibu kutoa jibu.

"Mie naona wapewe," alisema Mwatima. "Mke akidai talaka, mpe. Sisi kule Unguja tulioa, ama tuliolewa, hata sijui, tukaja kuambiwa asubuhi. Na mpaka leo twaambiwa tumeridhia."

"Mwatima, usituletee Muungano mezani," alisema mzee Kasmir.

"Umeshakaa zamani, mzee wangu. Ndio huo hapo unakula dagaa wa wenziwe."

Walicheka. Odeti alitafsiriwa, naye akacheka, akaongeza kwamba hata wakiondoka wangependa waendelee kutumia fedha ile ile ya Kanada.

"Ee! Watoka na sufuria!" Mwatima alipiga meza. "Hao nawapenda."

Agustino alifuta mdomo. Kiswahili chake kilikuwa cha Lubumbashi, na kila mtu pale alikuwa ameshakizoea. "Sisi batu ba Katanga tulijaribu ile mambo, mwaka wa sitini. Baba yangu alikuwa anasema, asubuhi tuko na bendera yetu, magaribi basoda, askari ba kila inchi, beko mu lupango, uani kabisa, banakula kuku yetu. Kutoka ni rahisi. Ujiulize tu kwenye utaenda kulala."

"Katanga ni Katanga," alisema Rodrick kwa moto. "Hawa ni watu waliosoma. Mtu mzima akisema naondoka, anaondoka. Kumzuia ni ukoloni!"

Melania alikuwa amesimama nyuma ya kiti cha Odeti na upawa mkononi, kwa sababu mezani kwake yeye hakukaa. Alikula baadaye, jikoni, kwa kusimama. Akasema, "Mimi naona kura haitoshi kuvunjia nyumba. Na wale wanaoachwa, hao Wakanada wengine, kuna mtu aliyewauliza?"

Lilikuwa swali zuri. Odeti aligeuka kutaka kujua dada huyu kasema nini.

"Wewe geuza ugali, Melania," alisema Rodrick. "Siasa za wazungu si za darasa la saba."

Kisha akamwambia Odeti maneno mawili matatu kwa Kifaransa. Odeti alitabasamu, akampigapiga Melania mkononi kama mtu anayemsifu mtoto kwa kumaliza uji. Agustino alikuwa akiangalia glasi yake ya maji.

"Umemwambia nini?" Melania aliuliza.

"Nimemwambia unasema ugali upo wa kutosha."

"Basi, dada Melania," alisema mzee Kasmir akisogeza sahani, "kama upo wa kutosha, niongeze."

Melania alimwongeza. Mzee huyu zamani alimwita shemeji, kama mtu yeyote wa kwao angemwita mke wa Rodrick. Tangu Pasaka alikuwa akimwita dada. Melania alidhani ni uzee, unakuja na adabu zake.

*

Tangu Pasaka hiyo hiyo ndani ya nyumba kulikuwa na neno moja tu: kuondoka. Odeti alikuwa amemwahidi Rodrick kazi katika stoo ya duka lake. Rodrick aliporudi na habari hiyo alisema "tutakwenda," na Melania akaishika ile "tu" kwa mikono miwili. Alishuka Zhanxi akanunua viatu vya theluji, vya kwake na vya mumewe, katika joto ambalo hata muuzaji alimwangalia mara mbili. Alimpigia simu mama yake Marangu, na Marangu nzima ikajua. Alimwambia Mwatima aanze kumtafuta mtu wa kuchukua jiko. Jioni alipokuwa akiosha vyombo alijifundisha mwenyewe kusema habari za asubuhi kwa Kifaransa, akiisemea sinki.

Kifaransa cha kweli alifundishwa Rodrick. Mwalimu alikuwa Agustino, na malipo ya mwalimu yalikuwa chakula. Kila alichojua Rodrick kwa lugha hiyo kilitoka katika sufuria ya Melania.

Jioni ile ya darasa la saba, Melania alikaa kitandani akikunja nguo.

"Tunaondoka lini?" aliuliza. "Niwaambie wateja."

Rodrick alikuwa dirishani, akitazama chini mikokoteni ya mizigo inavyogombea njia. Alijibu bila kugeuka.

"Nilikuwa nafikiri. Wewe unaonaje kama mtu angetangulia, akaweka mambo sawa kule, kwa makubaliano kwamba jiko linaendelea na wateja wanaendelea kuja kwa jina lake, halafu baada ya hapo, kulingana na hali, tukaangalia ushirikiano wa namna mpya? Unakubali?"

Melania aliweka shati chini. "Unaniuliza nini hasa?"

"Nakuuliza kama unakubali."

"Nakubali nini?"

"Si ndiyo hayo! Ndiyo maana mimi na wewe hatuzungumzi. Unaambiwa hivi, unashika vile."

"Sawa, nimeshika vile. Naenda au siendi?"

"Utakwenda, Melania. Nani kasema huendi?"

Alilala akamgeuzia mgongo. Siku zilizofuata waliongea mambo ya chumvi na ufunguo tu. Melania alikuwa na donge la lile neno aliloambiwa mbele ya watu. Angeombwa hata samahani ndogo tu, ya pembeni, angeridhika. Lakini Rodrick hakuwa mtu wa samahani ndogo.

*

Mchaga wa kwanza kufika Guangzhou lazima alisimama barabarani akashangaa: mji mzima unaomba msamaha. Maana masale, yale majani marefu ambayo Uchagani mtu humpelekea aliyemkosea, Wachina huyapanda ndani ya vyungu, wakayafunga utepe mwekundu, wakayaweka mlangoni pa duka ili biashara ichangamke. Chini ya fleti ile palikuwa na duka la vifungo na zipu, na mlangoni kilisimama chungu kimoja cha masale kilichonona kuliko mwenye duka.

Rodrick alichuma jani pale mchana, watu wakiona. Mwenye duka, laobani mwenyewe, alitoka na ufagio, akamfukuza mpaka ghorofa ya pili huku akiwataja mababu zake wote, nao mababu wenyewe wamelala Marangu hawana habari. Rodrick alifika juu akihema, akalifunga jani fundo kama inavyotakiwa, akaingia sebuleni ambako watu wote walikuwa mezani, akapiga magoti mbele ya Melania.

"Kwa lolote nililokukosea, Melania," alisema, "nililolisema na nililolifanya, mbele ya watu hawa, nakuomba."

Watu waliacha kutafuna. Hata Melania mwenyewe alirudi nyuma akagonga kabati. Rodrick hakuwahi kupiga magoti, hata kanisani alikuwa akiegemea tu.

"Hicho nini tena?" Mwatima aliuliza. "Majani ya Mchina?"

"Hilo ni isale," alisema mzee Kasmir. Sauti yake ilikuwa nzito, ya mtu aliyejiandaa. "Kwetu sisi mtu akikujia na isale, huna ruhusa ya kukataa. Hata kama ameua. Ukikataa, mabaya yanakurudia wewe na kizazi chako."

"Na kosa halitajwi?"

"Isale halihojiwi."

"Kwetu hata ukivunja kikombe waulizwa ni kipi."

"Mwatima, nyamaza, hii si ya kwenu. Pokea, dada Melania."

Melania alimtazama mumewe aliyepiga magoti. Alijua kosa ni lipi. Ni lile la darasa la saba, na zile siku za kugeuziwa mgongo. Aliona mwanamume mzima kakimbizwa na ufagio ngazini kwa ajili ya neno moja, moyo wake ukayeyuka. Alilipokea jani kwa mikono miwili. Machozi yalimtoka, akayafuta kwa upande wa khanga.

Odeti aliuliza kitu. Rodrick alisimama akamweleza kwa Kifaransa, taratibu, mkono kifuani. Mama yule aliinuka, naye machozi yamemlenga, akamkumbatia Melania akambusu shavu hili na hili. Agustino aliomba maji, na glasi yake ilikuwa imejaa.

Mchana huo kila mtu alipata nyama mara mbili.

*

Majaji wa Kanada walitoa jibu lao wiki ile ile. Agustino alilisikia katika redio yake ndogo, kwenye stesheni ya Kifaransa, akapanda nayo mpaka jikoni. Rodrick na Odeti walikuwa Zhanxi wakifungasha mizigo. Melania alikuwa akichambua matembele, na Mwatima amekaa juu ya gunia la mchele akijipepea kwa kifuniko cha sufuria.

"Haya, mtume, tuletee," alisema Mwatima. "Watoka, hawatoki?"

"Banasema hapana, na banasema ndiyo," alisema Agustino. "Jimbo haliwezi kujitoka peke yake, kimya kimya. Lakini kama batu baulizwe swali lenye kuwa wazi, na wengi kabisa bajibu wazi, pale Kanada yote inalazimika kukaa chini, baongee. Kukaa na mutu asiyependa, hapana. Kumutoroka, vilevile hapana."

"Hao wana akili," alisema Melania. "Kwani ile kura ya mwanzo waliulizaje?"

Agustino alilikumbuka, maana Odeti alilisema mara nyingi kwa fahari. Akalitafsiri polepole: mnakubali Kwebeki iwe yenye kujitawala, baada ya kuipelekea Kanada rasmi pendekezo la ushirikiano mpya wa uchumi na wa siasa, kulingana na muswada fulani na makubaliano fulani yaliyosainiwa siku fulani?

Melania alicheka hadi matembele yakamdondoka. "Huyo aliyeandika ni Rodrick! Wallahi, kama asemavyo Mwatima. Juzi kaniuliza hivyo hivyo kitandani. Sijui atangulie, sijui jiko liendelee, sijui ushirikiano wa namna mpya. Nikamwambia unaniuliza nini? Kanuna!"

Mwatima alicheka pia. Kisha akaona kwamba Agustino hacheki. Alikuwa amezima redio.

"We vipi?" Mwatima alimuuliza. "Umemeza mwiba?"

"Mama Melania," alisema Agustino, "miye nakula kwako bure tangu mwezi wa tatu."

"Si bure, unamfundisha Rodrick."

"Njo ile, ndiyo hiyo." Alijishika kichwa. "Unajua somo ya kwanza alitaka nimufundishe ni gani? Alitaka aseme 'huyu ni dada yangu.' Tulirudilia, tukarudilia, ili asigugumie."

"Dada yake nani?"

"We."

Melania aliendelea kuchambua. Majani yalikwenda huku, mashina kule.

"Odeti anajua tu vile, we ni dada. Banaoana kule Montreal, mwezi wa kumi. Ile siku ya majani, alimwambia kwamba dada yake anamubariki aende kuoa. Njo maana alikubusu."

Nje, chini kabisa, mtu alikuwa akipigia kelele mkokoteni. Mwatima aliacha kujipepea.

"Na wewe," alimwambia Agustino polepole, "umekaa na hilo kooni miezi yote, na mashavu yakinona! Chakula kilipitia wapi, mwanaharamu wee?"

"Nilisema si mambo yangu."

"Nani mwingine anajua?" Melania aliuliza. Sauti yake ilikuwa ya kawaida kabisa, ya kuuliza nani hajapata kijiko.

"Mzee Kasmir. Rodrick amemuachia kazi ya kumutafutia Odeti mizigo. Alimuomba asikuite tena shemeji, sababu Odeti alishaanza kujifunza maneno."

"Kasmir ni mtu wa kwetu," alisema Melania. "Rodrick alipobatizwa, baba yake alimwita yeye asimamie."

Mwatima aliinuka akamshika mikono. Ndipo Melania alipotazama chini akaona alichofanya: majani yote yalikuwa ndani ya ndoo ya takataka, na sufuria imejaa mashina.

*

Walirudi mchana, Rodrick na Odeti, wakiwa na jasho na furaha. Ndege ilikuwa kesho yake. Rodrick alikuwa amemwambia mkewe kwamba anamsindikiza mgeni Hong Kong.

Melania aliwapakulia wote. Halafu akavuta kigoda, akakaa mezani. Kitu hicho kidogo kilimfanya mzee Kasmir apoteze njia ya mdomo, tonge likamgusa kidevu.

"Leo Agustino ndiye anatafsiri," alisema Melania. "Rodrick apumzike, kazi imemchosha."

"Kuna nini?" alisema Rodrick.

"Agustino, mwambie mama Odeti nimesikia habari za majaji wao. Wamenifurahisha. Wanasema anayetaka kuondoka aulize swali linaloeleweka. Na mimi ninalo."

Agustino alitafsiri. Odeti aliitikia kwa kichwa, kwa hamu. Alipenda sana wenyeji wake wanapofuatilia mambo ya Kwebeki.

Rodrick aliinama, akasema kwa sauti ya chini, "Melania. Ulipokea isale. Mbele ya mzee."

"Nililipokea, na silirudishi. Nimekusamehe lile la darasa la saba, na hili nimekusamehe pia, kabla hata sijalijua. Wewe unajua kuwahi. Lakini kusamehe si kukubali, Rodrick. Msamaha uliuomba ukapewa. Ruhusa hukuomba."

"Isale likishapokelewa, neno limekwisha," alisema mzee Kasmir akiangalia sahani. "Ni desturi, dada..."

"Nani dada yako? Mimi na wewe tulinyonya wapi?" Melania hakupandisha sauti. Akamgeukia mumewe. "Swali langu fupi, hata wa darasa la saba analimudu. Rodrick, mimi ni nani wako? Agustino, tafsiri."

Agustino alitafsiri. Odeti aliweka uma chini.

Rodrick alimtazama Melania. Omba Mungu usiwahi kutazamwa hivyo. Alimtazama kama mtu anayepima kama daraja litamvusha. Kisha akajibu, kwa Kifaransa kizuri, hakugugumia hata herufi moja. Hakuna aliyehitaji kumtafsiria Melania.

"Uongo!" Mwatima alisimama. "Mke! Mke wake wa kanisani! Agustino, mwambie!"

Agustino alimwambia Odeti. Alisema kirefu, akitokwa na jasho. Odeti akawa mwekundu mpaka shingoni, akamgeukia Rodrick. Rodrick akacheka kidogo, kicheko cha huruma, akamweleza kwamba Agustino anamtaka dada yake tangu siku nyingi na amenyimwa, na kwamba huyu Mwatima hampendi Mkristo yeyote. Agustino, Mungu amsaidie, hilo nalo alilitafsiri.

Odeti alitafuta mtu wa mwisho. Alimtazama mzee Kasmir, mwenye mvi, mtu wa kwao Rodrick, ambaye hakuwahi kusema ovyo.

"Kasmir?" alisema.

Mzee alijifuta kidevu. Aliona viatu, aliona makontena, aliona ada ya shule ya wajukuu. Akatumia neno ambalo yule mama alikuwa amelijua tayari.

"Dada," alisema.

Kwa hiyo kura zikawa mbili kwa mbili. Agustino na Mwatima upande huu, Rodrick na mzee Kasmir upande ule. Melania hakupiga, aliyekuwa akipigiwa kura ni yeye. Ikabaki ya Odeti. Na Odeti hakuwa mjinga, alikuwa na duka na akili ya duka. Macho yake yalipita kwenye mikono ya Melania, yakapita kwenye mlango wa chumba uliokuwa wazi, ambamo kilionekana kitanda kimoja. Lakini alikuwa na miaka yake, na nyumba yake ya Montreal yenye baridi, na huyu mwanamume mrefu aliyejifunza lugha yake kwa ajili yake. Aliuinua uma wake akaanza kula.

Majaji walisema swali liwe wazi. Jibu likiwa wazi na ni la uongo, watu wafanyeje, hilo hawakuulizwa.

Melania alipangusa mikono kwa khanga. Halafu akainuka.

"Basi imekuwa," alisema. "Mimi ni dada. Kaka na dada hawalali chumba kimoja, hata huyo Mchina wa vifungo atatucheka. Toa mizigo yako sasa hivi."

"Ndege ni kesho," alisema Rodrick.

"Wifi yangu ana chumba hotelini."

Rodrick alifungasha kwa haraka ya mtu anayeogopa mwenye nyumba asibadili mawazo. Alipofika mlangoni na sanduku alirudi hatua moja. Odeti alikuwa ameshaanza kushuka ngazi.

"Wateja wangu wa Arusha watakuja mwezi ujao," alimnong'oneza. "Waambie nipo, nimesafiri kidogo. Usiharibu jina. Nikishakaa sawa, nitakuita."

"Utaniita nani?" Melania aliuliza.

Rodrick alihamishia sanduku mkono wa pili. Odeti alimwita kutoka chini, naye akashuka. Zile ngazi, kwa mara ya kwanza, zilionekana fupi.

"Umemfukuza, shoga," alisema Mwatima. "Umemfanyia la haki."

"Alikuwa anaondoka, Mwatima. Nimemfungulia mlango tu." Na hapo Melania aliketi juu ya gunia la mchele, akajifunika uso kwa khanga, akalia kilio kisicho na sauti, cha mtu ambaye wateja wake bado wako mezani.

*

Viatu vya theluji alivirudisha Zhanxi. Muuzaji alivichukua kwa bei ya aibu, akamwangalia tena mara mbili. Marangu walikuwa wakipiga simu kuuliza kama amefika Kanada na kama ni kweli mate yanaganda kabla hayajafika chini. Aliwajibu kwamba bado.

Kazi ya Odeti haikumfikia mzee Kasmir. Mama yule alipata wakala wa Kichina, kijana wa haraka mwenye faksi. Mzee alipotea kidogo, akajaribu migahawa ya chini, akarudi. Ugali Guangzhou ulikuwa mmoja. Aliingia kimya, akakaa mwisho wa meza, na jina la kumwita mpishi akawa hana: shemeji hathubutu, dada hathubutu. Akitaka kitu alikuwa anakohoa.

Siku moja waliingia wafanyabiashara wageni kutoka Singida, wanaume watatu, bado wana vumbi la uwanja wa ndege. Mkubwa wao, Ernest, alikula akashiba, akawa na adabu ya kumuulizia mwenye nyumba.

"Mama, na mzee yuko wapi tumsalimie?"

Mwatima alitazama pembeni. Agustino, ambaye siku hizi alilipa kama watu wote, aliacha kutafuna.

"Sina mzee," alisema Melania. "Nina kaka. Yuko Kanada, ameoa huko, mzungu."

"Aisee! Hongera sana. Kanada!" Ernest alimgeukia mwenye mvi kuliko wote mezani. "Ni kweli, mzee? Unamfahamu huyo kaka yake?"

Melania alikuwa amefika kwenye sahani ya mzee Kasmir. Alisimama pale, upawa umejaa, mkono umetulia hewani, akimtazama kwa upole kabisa. Mzee aliuangalia ugali wake mkavu. Aliangalia upawa.

"Namfahamu," alisema. "Ni kweli. Ni kaka yake."

Melania akammiminia mchuzi, wa juu juu, usio na dagaa.